Yai la Nani? Fay Weldon na Kalamu Iliyohama Nyumba Tatu

Kanga ina pindo, ina mji, na ina jina. Jina ni yale maneno yaliyopigwa chapa chini ya mji, ambayo mnunuzi huyasoma kabla hajauliza bei. Kanga nyingi zina pia maandishi madogo ya mwenye mali. Mashuhuri kati ya hayo ni K.H.E. Mali ya Abdulla, alama ya nyumba ya biashara ya Mombasa iliyoanza mwaka 1887. Basi kitambaa kina jina, na mfanyabiashara ana jina. Aliyetunga maneno ndiye hana. Pengine alikuwa karani wa duka; pengine ni mama aliyekuja kununua, akamrushia jirani yake kijembe, na mwenye duka akakidaka. Hakuna anayeuliza.

Nimeanzia kwenye kanga ili nimfikie Mwingereza mmoja, Fay Weldon, aliyefariki Januari 4, 2023 akiwa na miaka 91. Waliosoma tanzia zake walikutana na orodha inayotatanisha: riwaya zaidi ya thelathini, tamthilia za televisheni, hadithi katika majarida ya wanawake, insha za magazetini, na sentensi moja ya kuuzia mayai. Yote hayo ya mtu mmoja. Na katika orodha nzima, kile kilichofika kwenye masikio ya watu wengi zaidi, yaani ile sentensi ya mayai, hakukitunga yeye. Alilisema hilo kwa kinywa chake, lakini watu waliendelea kumvisha tu.

Mtu wa namna hii huelezwa kwa sifa moja: ana kalamu nyepesi, anaweza kuandika chochote. Sifa hiyo haifumbui kitu. Fundi cherehani anayeshona suti, kanzu na gauni la harusi naye ana mkono mwepesi, lakini ukitaka kuielewa kazi yake utauliza kitambaa ni cha nani, nani alikuja kupimwa, na nguo ikikosewa hasara ni ya nani. Kwa Weldon ni hivyohivyo. Alipotoka kwenye matangazo kwenda televisheni, na kutoka televisheni kwenda majaridani, Kiingereza chake hakikugeuka sana: sentensi fupi, kicheko chenye meno, na jicho kali kwa mambo ya jikoni na chumbani. Kilichogeuka ni mwenye sentensi. Kila nyumba ina kanuni zake za nani anatia jina, nani anakata maneno, na nani analipwa kazi ikirudiwa. Ukizijua kanuni hizo, habari ya yai inaacha kuwa kitendawili.

Hata jina lake ni kisa. Alizaliwa Septemba 22, 1931 katika jimbo la Worcestershire, akaitwa Franklin Birkinshaw. Franklin ni jina la kiume. Mama yake alilichagua kwa kupiga hesabu za bahati za herufi. Fay lilikuja baadaye, na Weldon ni la mume wake wa pili. Babu yake mzaa mama, Edgar Jepson, alikuwa mtunzi wa riwaya. Mjomba wake, Selwyn Jepson, vilevile. Mama yake, Margaret, naye alitoa riwaya, nyingine kwa jina lake na nyingine kwa jina la kubuni, Pearl Bellairs. Katika ukoo ule, jina juu ya jalada lilikuwa kama nguo ya kutokea: unavaa ile inayofaa shughuli. Utoto wake ulipita New Zealand, alikokuwa baba yake daktari, na mwaka 1946 akarudi Uingereza na mama yake. Chuoni St Andrews, Scotland, alisoma uchumi na saikolojia. Mtu akikuuliza masomo gani yanamfaa mwandishi wa matangazo, mwambie hayo mawili.

Lakini kazi zake za mwanzo hazikuwa na jina kabisa. Kwanza ilikuwa Wizara ya Mambo ya Nje, akiandika maandishi ya uenezi ya Vita Baridi. Halafu ikaja kazi katika gazeti la Daily Mirror, akijibu barua za wasomaji wenye shida. Wasomaji wa Taifa Leo wataijua kazi hiyo mara moja: ni ya Shangazi. Safu ya Shangazi Akujibu haihitaji jina la mwandishi, kwa sababu cheo cha ukoo kinatosha. Aliyekimbiwa na mume hatafuti mwandishi hodari. Anatafuta shangazi. Kwa hiyo Weldon alijifunza mapema kuandika kwa sauti isiyo yake, kwa msomaji mmoja aliyeumia, na kuondoka bila saini. Wakati huo alikuwa analea mtoto wa kiume bila mume, katika London ya miaka ya 1950 ambayo haikuwa na huruma kwa mama wa namna hiyo. Alihitaji fedha. Fedha zilikuwa kwenye matangazo.

Na hapo tarehe inamchekea. Siku aliyotimiza miaka 24, Septemba 22, 1955, ndiyo siku televisheni ya kibiashara, ITV, ilipoanza kurusha London. Kabla ya hapo Waingereza walikuwa na televisheni ya BBC peke yake, isiyo na tangazo hata moja. Jioni ile likaonekana tangazo la kwanza la televisheni katika nchi hiyo, la dawa ya meno ya Gibbs SR. Kampuni za matangazo, ambazo kwa miaka mingi ziliishi kwa kurasa za magazeti na mabango, ghafla zilihitaji watu wanaoweza kuandika kwa ajili ya kinywa. Ukurasa unavumilia maneno mengi. Msomaji atarudi juu akipotea. Sekunde hazivumilii.

Niliwahi kuandika matangazo ya redio kwa msimu mmoja, na kitu cha kwanza nilichopewa hakikuwa kalamu. Kilikuwa saa ya kuhesabia sekunde. Sekunde thelathini za Kiingereza zinameza maneno sabini hivi. Za Kiswahili hazifiki huko, kwa kuwa neno letu moja, kwa mfano "hawajatulipa", linabeba sentensi nzima ya wenzetu. Ndani ya muda huo utaje bidhaa, useme inafanya nini, umwache msikilizaji na kitu cha kuimba akienda zake. Kila "na" unayoiondoa ni faida. Mwandishi aliyepita kwenye kinu hicho huwa hasahau, hata akija kuandika riwaya ya kurasa mia tatu.

Weldon alipita kwenye kinu hicho na akapanda hadi kuwa mkuu wa waandishi katika kampuni ya Mather & Crowther. Mmoja wa wateja wa kampuni hiyo ulikuwa ni mtihani mzuri: bodi ya taifa ya kuuza mayai, iliyoanza kazi mwaka 1957, iliyokusanya mayai ya wafugaji waliotawanyika nchini na kuyapiga muhuri wa simba mdogo. Sasa fikiria ugumu wake. Sabuni unaweza kusema hii ni bora kuliko ile. Yai ni yai. Ukimsifia mnunuzi yai, hujamwambia anunue la nani. Kilichobaki kuuzwa ni mazoea: kwamba asubuhi, kabla ya kutoka, mtu ale yai. Ndipo ikatoka kaulimbiu ya maneno sita, "Go to work on an egg", iliyokaa midomoni mwa Waingereza kwa miongo. Katikati ya miaka ya 1960 mchekeshaji Tony Hancock aliigiza mfululizo wa matangazo yake ya televisheni.

Utamu wa kaulimbiu hiyo uko kwenye kineno kimoja, "on", kinachobeba maana mbili. Kwa Kiingereza unakwenda kazini "juu ya" baiskeli au farasi, na unakwenda kazini "juu ya" chakula kilichokutia nguvu tumboni. Kiswahili kinaikaribia kwa herufi mbili tu: naenda kazini na basi, naenda kazini na yai. Ukisema hiyo ya pili, msikilizaji anamwona mtu kapanda yai, halafu anamwona kalishika mkononi. Tunachokosa ni lile yai la tumboni, na ndilo bodi ililotaka kuuza.

Nani alitunga maneno hayo sita? Ndani ya kampuni ya matangazo swali hilo halina jibu safi. Sentensi huzaliwa mezani. Mmoja anarusha neno, mwenzake analipindua, mchoraji anasema halitatosha kwenye bango, mkuu anaondoa mawili na kurudisha moja, mteja analipeleka nyumbani akamsikilizishe mkewe. (Mteja wetu mmoja wa redio alibadilisha kiunganishi kimoja, na tangu siku hiyo akawaambia wageni wake kwamba tangazo ameliandika yeye.) Weldon alieleza kwamba alikuwa msimamizi wa waandishi kipindi hicho, na kwamba kaulimbiu ilitoka kwenye kundi alilolisimamia. Kati ya wote waliokaa mezani pale, yeye ndiye aliyekuja kuwa maarufu kwa jina. Sentensi ikabaki yatima, na yatima wa aina hii hupelekwa kwa ndugu mwenye uwezo.

Sentensi ambayo kweli ilikuwa yake haikutoka. Alipendekeza vodka iuzwe kwa kusema wazi kwamba inalevya upesi kuliko vinywaji vingine. Hoja yake ilikuwa nyepesi: kuna watu wanaotaka kulewa haraka, na ni vyema wakajulishwa. Wakubwa wake walikataa. Tunaijua kwa sababu aliisimulia yeye mwenyewe baadaye, akiwa mwandishi ambaye watu wanamhoji. Ipime hesabu hiyo: sentensi isiyo yake imemganda, na iliyo yake isingejulikana kama asingekuwa na jina alilolipata kwingine.

Weldon hakuwa peke yake katika njia hiyo. Kampuni hiyohiyo, baada ya kuungana na ya Marekani na kuitwa Ogilvy & Mather, ilikuja kumwajiri Salman Rushdie miaka ya 1970. Rushdie alishiriki kuuza chokoleti ya Aero, ile yenye vishimo vya hewa ndani, kwa neno la kubuni, "irresistibubble": neno la povu (bubble) limebandikwa mkiani mwa neno la kitu kisichokataliwa (irresistible). Mwaka 1983 wawili hao walijikuta pande mbili za meza: Weldon alikuwa mwenyekiti wa majaji wa Tuzo ya Booker, tuzo kubwa ya riwaya ya Uingereza, na riwaya ya Rushdie, Shame, ilikuwa imefika ukingoni kabisa mwa ushindi. Majaji waligawanyika nusu kwa nusu. Kura ya mwenyekiti ikaamua, na tuzo ikaenda kwa J. M. Coetzee wa Afrika Kusini.

Turudi kwenye mwenye sentensi, kwa sababu hapa ndipo fundo lilipo. Sheria ya Hakimiliki ya Uingereza ya 1956, iliyotumika enzi za kampeni ya mayai, ilisema kazi ya mwajiriwa ni mali ya mwajiri. Lakini ilimpa nafuu mtu mmoja: mwajiriwa wa gazeti au jarida. Mwenye gazeti alimiliki haki ya kuichapisha kazi hiyo magazetini na majaridani. Haki nyingine, kama kuigeuza makala kuwa kitabu, zilibaki kwa aliyeandika. Mwandishi wa matangazo hakupewa nafuu hiyo. Kwa maneno mengine, sheria yenyewe ilimtambua mwandishi wa jarida kuwa mwandishi, na ikamwona wa matangazo kuwa fundi aliyelipwa mshahara wake na kwenda nyumbani. (Sheria ya 1988 iliyofuata iliwaondolea nafuu hata wa magazeti, nao hawakuifurahia.) Mwandishi wa televisheni alikuwa na hali ya tatu. Huyu kwa kawaida hakuwa mwajiriwa. Aliuza ruhusa ya kuutumia mswada wake, jina lake likapita kwenye kioo, na kutokana na mikataba iliyopiganiwa na chama cha waandishi, alilipwa tena tamthilia ikirudiwa.

Msomaji wa Nairobi anayeandika kwa kukodishwa asidhani haya ni mambo ya Wazungu wa zamani. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 inahesabu kwamba hata kazi uliyoagizwa na mtu asiye mwajiri wako imehamia kwake, isipokuwa mmekubaliana vingine. Makubaliano hayo yawekwe kwenye karatasi kabla ya kuanza kuandika. Baada ya hapo utakuwa unaomba.

Sasa tazama alichofanya Weldon mara alipopata mlango. Mwaka 1966 televisheni ilionyesha tamthilia yake kuhusu Esther na mumewe Alan. Wanaamua kujinyima chakula ili wapungue unene. Njaa inawavua adabu iliyokuwa inaishikilia ndoa yao, na Esther anahama, anapanga chumba cha chini ya ardhi, anakula atakavyo. Alan, bila kushangaza, anafanya kazi katika matangazo. Mwaka uliofuata Weldon aliigeuza tamthilia hiyo kuwa riwaya yake ya kwanza, The Fat Woman's Joke. Ukiisoma utahisi asili yake: watu wanaongea, wanaongea, wanaongea, na mandhari yanapewa mstari mmoja. Wapo wanaouona huo kuwa udhaifu wa mwanzo. Mimi naona ni mtu aliyegundua kwamba hadithi moja inaweza kuuzwa mara mbili, mradi iwe yake. Yai lisingeweza kuuzwa mara mbili na mtu aliyelifanyia kazi.

Oktoba 10, 1971 ITV ilianza kuonyesha tamthilia ya mfululizo Upstairs, Downstairs, kuhusu nyumba moja ya matajiri London: wenye nyumba juu, watumishi chini. Wazo lilikuwa la waigizaji wawili, Jean Marsh na Eileen Atkins, wote watoto wa watu waliowahi kutumika majumbani mwa wakubwa. Weldon aliitwa kuandika sehemu ya kwanza, na ikampa tuzo ya chama cha waandishi. Kufungua tamthilia ni kazi ya ajabu: unawazaa watu ambao wengine watawalea. Katika sehemu hiyo, msichana anafika kutafuta kazi na kubonyeza kengele ya mlango wa mbele. Anarudishwa ashuke ngazi, aingilie mlango wa watumishi. Ndani anajitambulisha kwa jina la Kifaransa, Clémence; bibi wa nyumba anaona jina hilo halimfai mtumishi, na anamwita Sarah. Mlango na jina. Dakika chache tu, na mtazamaji ameshajua nyumba nzima inavyoendeshwa. Mtu aliyezoea sekunde thelathini hapotezi dakika.

Hata hivyo, sentensi zilikuwa zake, lakini mwisho haukuwa wake peke yake. Wakati sehemu za mwanzo zinarekodiwa, mafundi wa ITV walikuwa kwenye mgomo wa kudai malipo zaidi kwa kazi ya rangi, hivyo zikarekodiwa kwa rangi nyeusi na nyeupe. Baadaye sehemu ya kwanza ilirekodiwa upya kwa rangi, na ikafanyiwa miisho miwili: katika mmoja Sarah anabaki, katika mwingine anaondoka, ili nchi zitakazonunua ziweze kuruka zile sehemu zisizo na rangi bila hadithi kukatika. Mwandishi wa riwaya angepiga kelele. Mwandishi wa televisheni anajua kwamba soko la nje nalo lina kalamu. Ongeza hapo kwamba kila sehemu ilipasuliwa kwa mapumziko ya matangazo, kwa hiyo kila kipande kiliishia mahali ambapo mtazamaji ataogopa kuinuka kwenda kuchemsha chai.

BBC haikuwa na mapumziko hayo. Mwaka 1980 ilionyesha Pride and Prejudice ya Jane Austen kwa sehemu tano, zilizoandikwa na Weldon. Safari hii maneno yalikuwa ya mwenzake aliyekufa zaidi ya miaka 160 kabla, naye Austen ana kisa chake cha jina: kitabu hicho kilipotoka mwaka 1813 hakikuwa na jina lake juu, kilitaja tu kwamba ni cha aliyeandika kile kilichotangulia, na haki zake alikuwa ameziuza moja kwa moja kwa pauni 110. Kilipouzwa na kuchapishwa tena, fedha ilikuwa ya mchapishaji. Bibi huyo wa mwaka 1813 na mwandishi wa mayai wa mwaka 1957 wangeelewana haraka. Miaka michache baadaye Weldon naye alionja upande wa pili: riwaya yake ya 1983, The Life and Loves of a She-Devil, ilifanywa tamthilia na BBC mwaka 1986 kwa mswada wa mtu mwingine, Ted Whitehead, kisha filamu ya Hollywood mwaka 1989 akiwemo Meryl Streep. Wengi wanaomjua shujaa wake, mke anayelipiza kisasi kwa mume aliyemwacha, hawajawahi kufungua kitabu.

Majarida nimeyaacha hadi hapa kwa sababu ndiko nyumba zote tatu zilikokutana. Riwaya yake The Hearts and Lives of Men ya 1987 ilitoka kwanza kwa mfululizo katika Woman, jarida la kila wiki la wanawake. Ni hadithi ya wazazi walioachana na mtoto wao Nell, anayedhaniwa kafa katika ajali ya ndege. Wasomaji wetu waliokulia kwenye "itaendelea wiki ijayo" ya magazeti ya Kiswahili wanaujua mtego huo. Kila wiki mwandishi ana deni mbili. Lazima amkumbushe aliyesahau nani ni nani, bila kumchosha anayekumbuka. Na lazima aache mlango wazi, mtu atoe tena fedha wiki ijayo. Weldon alilipa deni la kwanza kwa kumsemesha msomaji ana kwa ana, kama jirani anayeegemea ukuta: nilikwambia juzi, umesahau, haya sikiliza. Sauti hiyo ni ya Shangazi wa Daily Mirror. Mikato yake ni ya televisheni. Na kila toleo ni tangazo la toleo linalofuata. Safari hii jina lake lilikuwa juu, na kitabu kilipotoka aliuza tena.

Lakini angalia hadithi imekaa wapi. Imekaa katikati ya kurasa za sabuni, krimu na majiko. Jarida la aina hiyo halipati uhai wake kwa bei ya nakala peke yake. Linauza kitu kingine kwa mnunuzi mwingine: linauza macho ya wasomaji kwa wenye bidhaa, na hadithi nzuri ndiyo inayoyafanya macho yakae. ITV ilifanya hivyohivyo na ile nyumba ya London. Ndiyo maana nasita ninaposikia watu wakimsifu Weldon kwamba "aliacha matangazo akawa mwandishi". Alitoka kwenye chumba kinachotengeneza tangazo, akaingia kwenye chumba kinachomwita mtazamaji aje alione. Paa ni moja. Tofauti ni kwamba katika chumba cha pili alipewa kiti chenye jina lake, na hiyo si tofauti ndogo.

Ukiliona hilo, ghasia za mwaka 2001 zinakuwa za kuchekesha kidogo. Kampuni ya vito ya Italia, Bulgari, ilimwagiza Weldon aandike kitabu kitakachoitaja angalau mara kumi na mbili, kwa malipo. Mwanzoni kilikusudiwa kuwa zawadi ya wageni wa kampuni. Weldon aliandika, akaitaja zaidi ya alivyotakiwa, na kitabu kikaingia madukani kwa jina The Bulgari Connection. Wahakiki walikasirika: riwaya imeuzwa! Yeye alikiri kwamba mwanzoni alisita, akihofia jina lake, kisha akaona potelea mbali, Booker kwani wamewahi kumpa?

Hasira ile ilikuwa na sababu, sitaki kuipuuza. Msomaji wa jarida anauona mpaka: huku hadithi, huku mkufu. Anajua lini anashawishiwa. Ndani ya riwaya ile mkufu uliingia kwenye hadithi, na asiyeambiwa hakuwa na njia ya kujua kwa nini ni wa kampuni hii na siyo ile. Hapo nadhani Weldon alikosea. Ila fedha haikuwa kosa, maana fedha ya wenye bidhaa ilikuwa imemlisha tangu mwaka ule wa mayai. Kosa ni kuuondoa ukuta ambao katika nyumba zote tatu ulimruhusu msomaji ajue nani anasema naye. Kwamba alisema wazi kuhusu malipo kunapunguza kosa. Kanga nayo husema wazi: Mali ya Abdulla.

Mwaka 2007, kaulimbiu ya mayai ilipotimiza miaka hamsini, wauza mayai wa Uingereza walitaka kuyarusha tena matangazo ya zamani ya Tony Hancock. Chombo kilichokuwa kikikagua matangazo ya televisheni kabla hayajarushwa kilikataa: kumwambia mtu ale yai kila siku hakupatani na ushauri wa kula vyakula mbalimbali. Waandishi wa habari wakamkimbilia nani? Walimkimbilia Weldon, wakati huo ana miaka 75. Hakuwaambia wamekosea nyumba. Alisema uamuzi ule ni wa kipuuzi, na kama yai ni hatari kiasi hicho basi wapige marufuku na matangazo ya magari, maana hayo ndiyo yanayoua. Alilitetea yai lile la kundi kama kuku aliyelitaga mwenyewe.